Wazee wa Leningrad mbele ya kamera: tuwaamini wao au wanahistoria?

Swali nililoletewa ni hili, nimelifupisha kidogo: "Mwalimu shikamoo. Nimekuwa naangalia dokumentari za vita, hasa zile za mji wa Leningrad huko Urusi (leo unaitwa Saint Petersburg) ulipozingirwa na Wajerumani kwenye Vita vya Pili vya Dunia. Bibi mmoja anasema watu walikufa njaa kwa sababu maghala ya chakula ya Badayev yaliungua, nikaenda kutafuta, nikakuta wanahistoria wanakataa. Mwingine anahadithia walivyokula gundi huku anacheka. Halafu karibu wote wanarudia mambo yale yale, gramu 125 za mkate, vigari vya theluji, mlio wa redio, mpaka nahisi wamekaririshwa. Sasa kwa nini watengeneza filamu wanawaachia watu wa kawaida waongee muda wote badala ya kuita wataalamu, au kuweka tu picha za wakati ule? Na nianze na filamu ipi?"

Marahaba mdogo wangu. Hapo umeuliza maswali mengi kwa mpigo na sitayajibu kwa mpangilio uliouweka, maana moja linaingia ndani ya jingine.

Tuanze na Badayev kwa sababu naona hapo ndipo imani yako ilipoyumba. Bibi yule kakosea sababu, ila hajakosea alichokiona, na ukivichanganya hivi viwili utamuita mtu mzima mwongo bure. Tarehe 8 Septemba 1941, siku ileile Wajerumani walipouteka mji wa Shlisselburg na kukata njia ya mwisho ya nchi kavu, ndege zao zilimwaga mabomu ya moto na maghala ya Badayev, ambayo yalikuwa ya mbao na yamebanana, yakalipuka moto, moshi ukaonekana mji mzima. Sukari iliyeyuka ikazama ardhini. Baadaye watu wakawa wanaenda kuchimba ule udongo, wanauloweka kwenye maji ya moto, wanachuja, wanakunywa ule utamu uliobaki, na wengine waliupeleka sokoni kuuza, yaani udongo unauzwa na wanunuzi wapo. Hayo bibi ameyaona au ameyaonja. Lakini ukija kwenye hesabu, kilichoteketea ni kama tani 3,000 za unga na tani 2,500 za sukari, na ndani ya mji kulikuwa na raia kama milioni mbili na nusu, wakiwemo watoto karibu laki nne, sasa unga huo kwa watu wote wale ni wa siku chache tu. Hata maghala yangebaki mazima njaa ingekuja, labda ingechelewa kidogo.

Njaa ililetwa na mambo mengine. Reli zilikatwa, akiba haikuwekwa ya kutosha, watu hawakuhamishwa mapema, na juu ya yote Wajerumani mwezi huohuo wa Septemba waliandika kwenye amri zao kwamba mji hawautaki hata ukijisalimisha, wauzingire, waupige mizinga, njaa imalize kazi. Sasa jiweke kwenye nafasi ya mtoto wa miaka minane wa wakati ule. Amri iliyoandikwa makao makuu ya jeshi la adui haioni. Uzembe wa wakubwa wa mji wake hausikii, na hata mama yake akiujua hawezi kuusema kwa sauti. Anachokiona ni wingu jeusi, halafu baada ya wiki chache chakula hakuna. Ataunganisha tu, na mji mzima uliunganisha hivyohivyo, na serikali nayo haikuwa na haraka ya kukanusha kwa sababu moto wa adui ni sababu nzuri, haimgusi mkubwa yeyote. Kwa hiyo bibi anapokuambia leo "ni Badayev" anakupa kitu ambacho kitabu cha takwimu hakina: namna watu waliokuwa ndani walivyojielezea wenyewe kinachowaua. Mimi kazi yangu ni kuhariri, na ningekuwa na ile filamu mezani kile kipande nisingekikata kamwe. Ningeacha aseme, halafu kama kuna haja sana ningeweka mstari mmoja wa maandishi chini wenye zile tani. Wengine wanakata ili bibi asionekane kakosea, wakidhani wanamheshimu, kumbe wanamtoa mtu wanaacha sanamu.

Na usidhani karatasi ya wakati uleule ndiyo haikosei. Kuna binti mdogo anaitwa Tanya Savicheva, Urusi nzima wanamjua, aliandika kwenye kidaftari kurasa chache sana, kila ukurasa jina la ndugu aliyekufa, tarehe na saa, dada, bibi, kaka, wajomba wawili, mama, halafu akamaliza kwa kuandika kwamba akina Savichev wamekufa, wamekufa wote, amebaki Tanya peke yake. Kimeandikwa palepale, siku zilezile, na mtoto ambaye hakuwa na sababu ya kudanganya. Lakini hawakufa wote! Dada yake Nina alikuwa amehamishwa ghafla na wenzake wa kazini kuvuka ziwa Ladoga bila nyumbani kupata habari, wakadhani amekufa, na kaka yake Mikhail alikuwa nje ya mji na wapiganaji wa msituni. Wote wawili waliishi. Tanya mwenyewe alitolewa mjini akafa Julai 1944, na hicho kidaftari ni huyo huyo Nina aliyekuja kukikuta. Sasa nani atasema Tanya aliandika uongo? Aliandika alichokijua ndani ya mji ambao mtu akitoka asubuhi asiporudi hujui kama kafa barabarani au kapakiwa kwenye lori. Ukishalielewa hilo, swali la "tuwaamini au tusiwaamini" unaona limekaa vibaya, la kuuliza ni huyu alikuwa amesimama wapi na kutoka pale angeweza kuona nini.

Na hapa kuna jambo ambalo watazamaji wengi linawapita kabisa. Hao wazee wanaoongea kwenye filamu za miaka ya karibuni walikuwa WATOTO. Piga hesabu mwenyewe, filamu ya mwaka 2011, mtu ana miaka 78, mwaka 1941 alikuwa na minane. Mama zao, waliokuwa wanapanga foleni ya mkate tangu alfajiri kwenye baridi ya chini ya sifuri digrii thelathini, hao hawapo tena. Baba zao walikuwa vitani, na wengi wa waliobaki nyumbani walikufa mapema maana wanaume waliwahi kufa kuliko wanawake. Kwa hiyo unachokisikia ni kumbukumbu ya mtu mfupi, aliyekuwa anaona mambo ya usawa wa meza. Tani hajui, ramani hajui. Anachokumbuka ni nani alikuwa anakata mkate na kwa kisu gani, makombo yaliyodondoka yalikuwa ya nani, kitandani nani alilala upande wa ukuta, mama alificha wapi kadi za mgao. Mtoto anayesubiri kula anaangalia mikono ya anayegawa kuliko kitu kingine chochote duniani, na ndiyo maana hata miaka sabini baadaye anaweza kukuonyesha kwa vidole ukubwa wa kile kipande.

Hizo kadi za mgao ndizo zilikuwa uhai wenyewe, naomba hapa twende polepole. Watu waligawanywa makundi: wafanyakazi wa viwandani, wafanyakazi wa ofisini, wategemezi, watoto. Kuanzia tarehe 20 Novemba mpaka 25 Desemba 1941 mgao ulishuka hadi chini kabisa, mfanyakazi wa kiwandani gramu 250 kwa siku, wengine wote gramu 125. Na usifikirie mkate wa supamaketi, ule ulikuwa umechanganywa mashudu, magamba ya nafaka, hata selulosi ya mbao, na umejaa maji, kwa hiyo mzito kwenye mizani lakini kwa macho ni kipande kimoja tu cha unene wa kidole. Ukipoteza kadi, au ukaporwa mlangoni mwa duka, kupata nyingine ilikuwa karibu haiwezekani, kwa hiyo kadi ikipotea mwanzo wa mwezi familia inajua maana yake. Mtu akifa mapema ndani ya mwezi, ndugu walikuwa hawatoi taarifa mpaka mwezi uishe, wanamlaza maiti chumba kingine chenye baridi ili waendelee kuchukua mkate wake. Sasa tafuta hilo kwenye ripoti za serikali, utakuta labda onyo kwamba wananchi wanatumia kadi za marehemu kinyume cha sheria. Kwenye filamu unamkuta mzee anayekwambia alilala wiki kadhaa mlango wa pili na mdogo wake aliyekufa, na mkate wa mdogo wake ndio uliomfikisha hapa alipo. Ripoti inaita kosa la kadi, yeye anaita mdogo wangu. Mtaalamu mwenye tai atakuelezea jambo hilo kwa sekunde ishirini na atakuwa sahihi kabisa, ila hatakuwa na mdogo wake mle ndani, ndiyo maana mtengeneza filamu anayejua kazi yake anamuacha yule mzee aongee.

Sasa lile la kukaririshwa. Hapo hujakosea, jicho lako linaona vizuri, ila si kwamba kuna mtu kakaa nyuma ya kamera anawaandikia. Ni historia ya namna walivyoruhusiwa kuongea. Mzingiro uliisha tarehe 27 Januari 1944, fataki zikapigwa, na mwaka huohuo kukafunguliwa maonyesho ya ulinzi wa mji, wananchi wakaleta vitu vyao wenyewe, yakageuzwa makumbusho. Mwaka 1949 Stalin akawageukia viongozi wa Leningrad, wakashtakiwa, wengine wakapigwa risasi mwaka 1950, na yale makumbusho yakafungwa na kuvunjwa kabisa, vitu vikatawanywa. Yalifunguliwa tena mwaka 1989, hebu fikiria pengo hilo. Katikati hapo watu walinyamaza, halafu kuanzia miaka ya sitini wakaruhusiwa kuongea lakini kwa mtindo mmoja: mji shujaa, watu hawakukata tamaa, symphony (muziki mkubwa wa okestra) ya mtunzi Shostakovich ilipigwa Agosti 1942 na wanamuziki wenye njaa, walimu walifundisha, wote tulishikamana. Na hayo yalitokea kweli! Lakini mtu akiitwa kila mwaka shuleni kuwasimulia watoto, anavaa nishani zake, anapewa dakika ishirini, stori yake inalainika, inapata mwanzo na mwisho, inabaki na vile vitu ambavyo kila mtu anavitegemea: gramu 125, kigari cha watoto cha kuteleza kwenye theluji kinachobeba maiti, metronomu ya redio inayogonga polepole ukiwa salama na haraka ndege zikija. Vitu hivyo ni vya kweli vyote. Ila mtu akishavisema mara mia vinatoka vyenyewe bila yeye kurudi kule.

Ukitaka kujua ni lini anarudi kule kweli, angalia anapokosa maneno. Kuna wakati mzee anaenda vizuri tu, sentensi zimenyooka, halafu muulizaji anamtupia kiswali kidogo kisichokuwemo kwenye hotuba yake, mfano jiko la bati lilikaa upande gani, mlichoma nini kwanza, vitabu au viti? Mzee anasimama. Anaangalia pembeni. Anaanza "subiri... hapana, lile kabati lilikuwa la shangazi..." na hapo sentensi zinakatika, wakati unachanganyika, mara anasema mama alikuwepo mara hakuwepo. Hapo ndipo anapokumbuka kweli, na mhariri mbovu ndipo anapokata kwa sababu eti hakueleweka. Mimi nikiwa na masaa ya maongezi ya mtu huwa naanza kutafuta sehemu alizojikanusha, hotuba iliyonyooka naiweka akiba.

Waliolijua hilo mapema ni waandishi wawili, Ales Adamovich na Daniil Granin. Miaka ya sabini walizunguka nyumba kwa nyumba na rekoda ya kanda, wakiongea na watu wazima waliopitia mzingiro, wakati huo akina mama wenyewe bado wako hai. Walichokusanya kilianza kutoka kwenye jarida huko Moscow mwaka 1977 kikiwa kimekatwakatwa na wakaguzi wa machapisho wa serikali, na Leningrad kwenyewe bosi wa chama cha Kikomunisti alikizuia, kikaja kuchapwa pale mjini mwaka 1984 tu. Yaani mji uliokufa njaa ulizuiwa kusoma maneno yake mwenyewe. Na Granin mwenyewe alikuwa askari wa mstari wa mbele wa Leningrad, hivyo si kwamba alikuwa mgeni, bado alikutana na mambo majumbani ambayo askari kwenye handaki hakuyajua.

Gundi na kicheko. Hii naona ilikukera kidogo. Gundi ya mafundi seremala ya wakati ule ilikuwa inatengenezwa kwa mifupa na ngozi za wanyama, kwa hiyo ukiichemsha sana inatoa kitu kama supu ya mapupu iliyoganda, watu wakatia jani la bay (lile la kiungo), siki, haradali kama ipo, wakala. Mikanda ya ngozi nayo ilichemshwa, karatasi za ukutani zilikwanguliwa kwa ajili ya ile gundi ya unga. Bibi anapokuelezea haya anakuelezea kama mapishi, chukua hiki weka hiki, na anacheka, na wewe unashangaa mbona anacheka na watu walikufa. Kwanza, walionusurika walikuwa wanataniana tangu wakati uleule, kadi ya mtegemezi waliibatiza jina la kadi ya kifo, utani mweusi lakini utani. Pili, anakuangalia wewe muulizaji umekodoa macho, ana miaka themanini na kitu, wewe umeshiba, anajua hutaelewa hata akilia, sasa alie kwa faida ya nani? Kicheko pale kinamlinda yeye na kinakulinda wewe. Binafsi filamu ninayoitilia shaka ni ile inayoweka vinanda vya huzuni chini ya kicheko cha bibi ili mtazamaji asije akakosea akafurahi, wakati mwenye stori ameshachagua namna ya kuisema.

Kitu cha kuogopa zaidi ya kicheko ni kisichosemwa kabisa. Majira ya baridi ya 1941 kuingia 1942 walikuwa wanakufa kama watu laki moja kwa mwezi, Januari na Februari hasa, na kulikuwa na ulaji wa nyama ya watu. Nyaraka za polisi wa siri zilipokuja kufunguliwa baada ya Umoja wa Sovieti kuanguka zilionyesha zaidi ya watu 2,000 walikamatwa kwa kosa hilo, na kati yao wengi walikuwa wanawake wenye watoto, watu wa kawaida wasio na rekodi ya uhalifu. Kwa zaidi ya miaka arobaini hilo halikutajwa hadharani. Sasa mbele ya kamera mzee akifika hapo sikiliza lugha inavyobadilika, "mimi" inapotea, inakuja "walisema", "jengo la jirani", "mama alituambia tusipite uwanja ule jioni". Muulizaji mwenye pupa anamkaba, wewe uliona? alikuwa nani? Mimi huwa nasema muache. Lile kuhamia jengo la jirani lenyewe ni jibu tosha, na huna haki ya kumtoa mtu kitu alichokiweka pembeni miaka sabini ili wewe upate kipande cha kutangazia filamu yako.

Na si aibu tu, hofu pia ipo mpaka leo. Januari 2014 kituo kimoja cha televisheni cha Urusi, Dozhd, kiliuliza watazamaji wake kama ingekuwa bora mji ungesalimishwa ili kuokoa maisha ya watu, likaja kelele la nchi nzima, kampuni za kebo zikakiondoa hewani karibu zote. Kwa swali tu! Sasa bibi mzee anayeishi Saint Petersburg, mwenye beji ya serikali ya mkazi wa mji uliozingirwa, ambayo ilianza kutolewa 1989 kwa walioishi mle si chini ya miezi minne na siku hizi ina mafao yake, unategemea aseme nini akiwashiwa taa? Wapo wanaosema hata hivyo, na ujasiri wao utauona, ila na wewe uelewe mwenzake anayeishia kwenye ushujaa hajakudanganya, amepima.

Uliuliza pia kwa nini wasiweke tu picha za wakati ule badala ya wazee kuongea. Picha zipo, wapiga picha wa serikali walizunguka na kamera, mwaka 1942 tayari ikatoka filamu nzima ya mapambano ya mji ambayo miongoni mwa walioiongoza ni Roman Karmen, mpiga picha maarufu wa vita. Lakini fikiria kamera ile iliweza kwenda wapi: barabarani, viwandani, kwenye barafu ya Ladoga malori yanapita. Raia hakuruhusiwa kuzurura na kamera yake, hata redio zao za kunasa mawimbi wananchi walitakiwa kuzisalimisha tangu mwanzo wa vita, wakabaki na spika za waya ukutani. Kwa hiyo ndani ya vyumba, usiku, pale mkate unapogawanywa, picha HAKUNA. Na zile za barabarani zilipigwa bila sauti. Chochote unachokisikia kwenye picha za zamani za Leningrad, viatu kwenye theluji, tramu, mtu anakohoa, mara nyingi kimetiwa baadaye studio. Sisemi ni udanganyifu, nasema ujue. Ndiyo maana kwa yale ya chumbani uso wa mzee ndio picha pekee tuliyonayo, na hata ungewaita maprofesa kumi hawataweza kukupa hiyo.

Wanahistoria nao tunawahitaji, nisije nikaeleweka vibaya. Idadi ya waliokufa kwa mfano, mtu wa kawaida hawezi kukupa. Kwenye mahakama ya Nuremberg, iliyowahukumu viongozi wa Kinazi baada ya vita, ilipelekwa hesabu ya 632,253, baadaye watafiti wakaonyesha ni ndogo mno, wengi leo wanaongelea laki nane mpaka milioni moja au zaidi, na kwenye makaburi ya Piskaryovskoye peke yake wamelala karibu watu laki tano. Hizo ni kazi za nyaraka. Mimi nikiangalia filamu nakuwa na tarehe za mgao pembeni: mzee akisema "ilikuwa wakati wa gramu 125" najua anaongelea ndani ya zile wiki tano za Novemba na Desemba, hata kama mwenyewe anasema ilikuwa Februari. Kumbukumbu imevuta siku mbaya zote ikazifunga kwenye ile namba moja, maana Februari mgao ulikuwa umeshapanda kidogo ila ndipo watu walikuwa wanakufa zaidi, miili ilikuwa imeshaisha nguvu. Ukilijua hilo utaacha kumsahihisha mzee kichwani kila dakika, utaanza kusikiliza anaongelea siku gani hasa.

Haya, uanze na ipi. Zipo tatu ambazo ukiziangalia kwa kufuatana utaona njia tatu tofauti kabisa za kazi hiihii. Ya kwanza ni Blockade ya Sergei Loznitsa, 2005, imetengenezwa kwa picha za zamani tupu, haifiki hata saa moja. Hiyo itakupa mji wenyewe, na itakuonyesha kamera ya serikali iliishia wapi. Ya pili 900 Days ya Jessica Gorter, Mholanzi, 2011, huyu amewakalisha wazee majumbani kwao na pembeni anakuonyesha sherehe za serikali zinavyoendelea, hapo ndipo utatumia yale niliyokueleza kuhusu hotuba na kukosa maneno, na kama una ndugu au rafiki wa kuangalia naye muangalie pamoja maana nzito. Ya tatu Reading Book of Blockade ya Aleksandr Sokurov, 2009, huyu amewachukua watu wa mji wa leo wa rika mbalimbali, mmoja mmoja anakaa studio anasoma kwa sauti yale maneno waliyokusanya Adamovich na Granin. Hiyo iache mwisho kwa sababu ukianza nayo utaona ni watu wanasoma tu, ila ukiwa umeshawaona wazee utamsikia kijana anapokwama kwenye sentensi ya mama aliyekufa zamani.

Maandishi ya chini ya hizo mbili za mwisho hakikisha yapo kabla hujakaa. Ile ya Loznitsa haina msimulizi wala mahojiano, kwa hiyo dakika kumi zikipita hujasikia mtu anakueleza chochote usihangaike kutafuta nakala nyingine, ndivyo ilivyotengenezwa.